Madaftari Yaliyozamishwa kwa Adabu

Alikufa Jumanne asubuhi, na kabla ya adhana ya adhuhuri nilikuwa nimeshapigiwa simu na watu watatu, na wote watatu walinipa khabari kwa maneno yale yale: "Maalim, Firauni kafa." Hakuna aliyetanguliza inna lillahi. Mmoja alicheka kidogo, kicheko cha mtu anayedhani na wewe utacheka. Nataka msomaji asiye wa kwetu aelewe uzito wa neno hili. Pemba kumwita mtu Firauni si utani kama wa kumwita Kipara au Mrefu. Firauni ni yule aliyejifanya mungu, aliyechinja watoto wa watu, adui wa Nabii Musa tunayemsoma kwenye chuo cha Kurani tangu hatujajua kufunga vifungo vya kanzu. Jina hilo amebebeshwa mtu aliyesali msikiti mmoja zaidi ya miaka thelathini, akilima muhogo wake, asiyewahi kumuinulia mtu sauti. Tumemzika nalo. Mhariri wangu aliniambia ningoje hasira zipoe ndipo niandike. Nimengoja wiki tatu, wallahi hazijapoa, basi naandika nazo hivyo hivyo.

Sikuwa rafiki yake wa chanda na pete. Mimi naishi Wawi, yeye alikuwa upande wa Mgogoni, na tulijuana kwa ugomvi. Miaka mingi iliyopita niliandika hapa hapa, kwenye safu hii, kwa kujiamini kwa mtu aliyefundisha skuli na kustaafu, kwamba majengo makubwa ya Misri ya kale yalijengwa na watumwa wa kupigwa mijeledi. Ijumaa iliyofuata, baada ya sala, mtu mmoja mwembamba aliteremka baskeli mbele ya baraza yangu, akatoa salamu, akaulizia hali yangu, ya mke wangu, ya watoto na ya mvua, kama inavyotakiwa, kisha akabadilika uso. "Weye ndo uloandika mambo ya mijeledi?" Nikamwambia ndimi. "Ulikwenda Misri?" Sikwenda, nikasema, nimesoma. "Basi ulomsoma naye hakwenda. Nipishe nikae." Akakaa mpaka alasiri. Akaniambia kuwa kwenye kijiji cha wale mafundi waliochonga makaburi ya wafalme wamekuta vigae na vibamba vya mawe vilivyoandikwa na karani, nani hakuja kazini na kwa sababu gani. Huyu kaumwa na nge. Huyu macho yanamuuma. Huyu kaenda kumzika mamake. "Sasa nambie, Maalim, ntu wa mjeledi huulizwa kwa nini jana hakuja?" Nikamwambia hata sisi skuli tulikuwa na daftari la namna hiyo, na mwalimu wetu mmoja alimzika mama yake mara nne. Akacheka mpaka akashika mbavu. "Hata huko walikuwamo," akasema, "usifanye mchezo." Wiki ya pili yake nilisahihisha kosa langu, kwa mistari miwili, chini kabisa ya ukurasa ambako hakuna anayesoma. Yeye alisoma, na akaniletea muhogo.

Misri alipelekwa na babake kusoma dini. Familia ilijinyima, ikauza shamba la mikarafuu, kijana akaenda Kairo arudi shehe. Likizo ya kwanza akafuatana na mwanafunzi mwenzake kwenda kwao, juu huko mto unakotokea, kijiji ambacho kazi ya watu wake, baba kwa mwana, ni kufukua mabaki ya kale. Wazungu na wasomi wa Kairo huja na vipimo na kofia, lakini wanaojua ardhi ni wale wanakijiji. Kiongozi wao wanamwita rais, ndiye msimamizi wa wachimbaji, na rais yule alimpenda mgeni kwa jambo moja tu: alikuwa na subira. Alinieleza mwenyewe. Nyumba za watu wa kawaida wa Misri ya kale zilikuwa za matofali ya tope, tope la mto na makapi, yakaanikwa jua. Nyumba ikianguka tofali hurudi kuwa tope, na tope jengine huja kulifunika. Sasa wewe unachimba udongo unatafuta ukuta wa udongo ndani ya udongo, rangi moja, na ukikosea kwa upana wa kidole umeshaukata. Rais alimfunga macho kwa kitambaa, akampa mwiko, ule mwiko mdogo kama wa mwashi, akamwambia kwaruza, sikiliza. Udongo uliojaa baadaye una sauti yake, na tofali lina sauti yake. Siku nzima alikwaruza amefungwa macho, rais amekaa pembeni anakunywa chai. Ya pili hivyo hivyo. Ya tatu akasema, "Hapa," na ukuta ulikuwa hapo. "Miye nimezaliwa nyumba ya udongo, Maalim," aliniambia, "babu yangu kaisiriba kwa mikono yake. Vipi nisiujue?"

Likizo ikawa msimu, msimu ukawa misimu, masomo ya dini yakamtupa mkono. Alirudi Pemba hana shahada, ana mwiko na ana neno moja la yule rais ambalo alikuwa akilirudia mpaka linachosha: kuchimba ni kuvunja. Ukishaifukua nyumba umeshaivunja, hairudi tena chini ikalala kama ilivyokuwa. Kinachobaki ni ulichokiandika, na mchimbaji asiyeandika ni mwizi aliyejipa jina zuri. Babake hakusema naye mpaka akafa. Na mtaani, unajua tena midomo ya watu, haikuchukua hata mwezi. Kaenda kusoma Kurani kasoma makafiri. Kalala makaburini mwa Firauni. Firauni alikuwa na wachawi, si imo kwenye kisa cha Nabii Musa? Basi kajifunza kwao. Jina likamganda. Ebo! Watu wanavuka bahari kuja kutafuta waganga kisiwani kwetu, na sisi tunamwogopa mkulima wa muhogo kwa sababu anajua kupima ukuta.

Nyuma ya mashamba ya kwao ulikuwapo mji wa kale. Sitasema ni wapi hasa, maana mawe machache yaliyosalia bado nayahofia. Kulikuwa na msikiti ulioanguka, makaburi ya mawe, kuta za nyumba mbili tatu za wakubwa, na chini yake, kotekote kwenye vichaka, vigae. Watoto wa pale wamekua wakivichezea. Watu wazima walikuwa na matumizi mengine: walizivunja kuta, wakayapanga mawe juu ya magogo, wakawasha tanuri la chokaa. Jiwe lililokwishajengwa ni jepesi kuchukua kuliko la kuchimbwa, halina ubishi. Sina haja ya kuwatukana sana wachoma chokaa, na wao wanataka kula, na hata mimi nyumba yangu ya Wawi imepakwa chokaa ambayo sikuiuliza ilikotoka. Lakini mtu yule kwa miaka ishirini na zaidi alikuwa akiwatangulia. Akisikia kesho watabomoa upande fulani, leo yuko pale na kamba, vigingi, kipimo na mwiko. Alikuwa akiwaomba siku moja. "Nipeni leo, kesho ni yenu." Siku moja tu! Nao wakikaa kivulini wakimtazama, wakiambizana kwa sauti ili asikie, "Mwacheni, Firauni anapima piramidi lake." Na kila alichokipima alikiandika. Madaftari ya skuli, yale ya kawaida, kumi na saba nilipoyaona mara ya mwisho, kila moja limefungwa ndani ya mfuko wa plastiki lisile unyevu.

Nieleze madaftari yenyewe, maana ndiyo roho ya jambo hili. Aliandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, kama tulivyofundishwa chuoni watu wa umri wetu, kwa sababu mkono wake ulikuwa mwepesi zaidi kwa herufi hizo. Kila ukurasa ulianza na Bismillahi. Chini yake miraba: alikuwa akiigawa ardhi kwa kamba, miraba kwa miraba, na kila mraba akaupa herufi na tarakimu, na ndani yake akachora vidoto, mistari, alama za mawe, za majivu, za vigae. Chini ya miraba ndipo yalipo maneno. Aliwahi kunisomea ukurasa mmoja na ninaukumbuka: "Hapa palikuwa jiko. Majivu unene wa vidole viwili. Mifupa ya samaki, changu. Mafiga mawili yapo, la tatu limechukuliwa. Ukuta wa udongo, una alama za kiganja cha aliyesiriba, kiganja kidogo, labda cha mwanamke." Nikamwuliza, yote haya ya nini, na nyumba za mawe mbona umeziandika kidogo? Akanitazama kama mtoto mjinga wa darasa la pili. "Za mawe kila ntu ataziandika. Aliyezijenga alilala wapi?"

Siku moja walikuja wataalamu. Sitasema wa wapi, walikuwa mchanganyiko, wa nje na wa bara na wa hapa hapa, na walikuwa watu wema, hilo nalo niliseme. Walikaa wiki chache wakachimba. Wakaajiri wanakijiji kubeba ndoo na kuchekecha udongo, na yeye akaajiriwa kubeba ndoo. Hakuwaambia kitu juu yake mwenyewe. Nilimgombeza kwa hilo, akasema hawakumwuliza. Basi siku ya tatu au ya nne kijana mmoja msomi alikuwa anashusha shimo, anakwenda chini kwa haraka, na huyu aliyebeba ndoo akasikia mwiko unabadilika sauti. Akaweka ndoo chini. "Bwana, hapo pana ukuta." Kijana akatazama, udongo mtupu, akamwambia ahsante mzee, akaendelea. Akasema tena. Mkubwa wao akaitwa, akatazama, akasema hapana, ni udongo uliojaa. Jioni walipolisafisha shimo na kulipiga picha, ukuta ulikuwa wazi ubavuni mwa shimo, umekatwa kati, kushoto nusu na kulia nusu, na hapo kati walipochimba hakuna kitu tena. Walikiri, walisikitika, wakamshika mkono. Na ripoti yao ilipotoka aliletewa nakala, ukurasa wa shukrani unashukuru wizara, chuo, dereva kwa jina lake, na "vibarua wa kijijini." Alinionyesha mstari ule kwa kidole. Hakuwa amekasirika, mimi ndiye niliyekasirika. Alichokuwa akikililia, na alilia kweli, mtu mzima yule, ni ukuta.

Nimekuwa nikijiuliza tangu afe kwa nini dunia imekuwa hivi, na naona haikuanza kwetu. Misri ile ile kila mtu anaijua kwa dhahabu ya mfalme aliyelala. Kitabu cha skuli kina picha ya kinyago, watalii wanapanga foleni, na hata mtoto wa Wawi analijua jina la mfalme. Mchonga mawe aliyeumwa na nge hana jina kwenye kitabu hicho, ingawa karani wa zama zake alimwandika! Zama zile, kwa mfalme yule aliyejifanya mungu, kulikuwa na karani aliyejali kuandika kuwa fulani leo hakuja, amekwenda kumzika mamake. Na mwanakijiji aliyekifukua kigae hicho kwa mwiko wake naye hana jina. Na mbeba ndoo wa Pemba hana jina. Anayeshika udongo ndiye anayesahauliwa, na anayepiga picha amesimama juu ya udongo ndiye anayekumbukwa. Mnajua kuwa safu hii haitaji watu kwa majina. Ni kanuni niliyojiwekea, na imeniepusha na mengi. Leo kanuni yangu inanikaba kooni, kwa sababu na mimi namfanyia yale yale. Niliwaendea nduguze kuomba ruhusa nimwandike kwa jina lake kamili. Wakaomba nisifanye, wanaogopa maneno ya watu. Nimewakubalia. Mtaona baadaye adabu yangu ya namna hii ilishagharimu nini.

Maana aliniomba. Hilo ndilo linalonichoma. Aliniomba mara tatu kwa nyakati mbalimbali nimsaidie kuyahamisha madaftari yale kwenye herufi za kawaida, yachapwe, nakala ziwekwe penye makavu. Hakuwa na haja na mtu mwengine, alitaka mtu anayesoma herufi zile na anayejua kupiga chapa, na kisiwa hiki tumebaki wachache. Mara ya kwanza nilimwambia Ramadhani ipite. Mara ya pili nilikuwa naumwa macho, nangojea miwani. Mara ya tatu, mwaka huu huu, alikuja na daftari la kwanza kifuani, nikamwambia niachie hapa nitaanza taratibu. Akakataa. "Nikuachie, weye unipe nini? Ahadi? Tukae pamoja, miye nisome, weye uandike." Nikamwambia haya, baada ya mavuno ya karafuu. Karafuu ni zangu mimi? Sina hata mti mmoja! Nilisema tu, kama tunavyosema, kumridhisha mtu aondoke roho yake safi. Akaondoka na baskeli yake, na mimi nikarudi ndani kusikiliza redio.

Jumanne ile tulimzika baada ya alasiri. Nilishika jeneza, nilitia udongo, nilisikiliza talakini anayosomewa maiti. Nikiwa pale kaburini akili yangu yote ilikuwa kwenye yale madaftari kumi na saba, na kakake mkubwa alikuwa amesimama hatua nne kutoka kwangu. Ningemvuta pembeni nikamwambia, mzee, ndani kwa nduguyo mna kitu hiki na hiki, kisiguswe. Sentensi moja. Sikumwambia. Kwetu mtu hauliziwi vitu vyake kaburi halijakauka. Anayefanya hivyo huonekana ameshatupia jicho mirathi, na ninawajua waliosemwa mpaka leo kwa kuulizia jembe siku ya maziko. Nikasema moyoni, ngoja ipite siku ya tatu, isomwe hitima, nitauliza kwa adabu. Nikarudi Wawi nimeridhika na adabu yangu.

Siku ya hitima nilikwenda mapema. Tulisoma, tukaomba dua, tukala, tukanawa mikono. Nilipoona watu wamepungua nikamsogelea kakake, nikamshika mkono, nikampa tena pole, ndipo nikamwuliza. Alinitazama kwa furaha, tena furaha ya mtu aliyeondokewa na mzigo. "Yale? Alhamdulillahi, Maalim, tumeshayamaliza." Nikauliza kuyamaliza ndiyo kuyafanya nini. Akamwita imamu aje anieleze vizuri. Imamu ni mtu mstaarabu, nimemjua miaka. Akaniambia kwa upole kwamba walipofungua chumba kukisafisha waliyakuta kwenye sanduku chini ya kitanda. "Tukayafungua. Kila ukurasa una Bismillahi. Chini yake nyumba nyumba, ndani ya nyumba herufi moja moja na tarakimu. Na weye wajua, Maalim, alikosoma." Nikaelewa. Miraba ya mpimaji wa ardhi wameiona ni yale mapande ya waganga, hirizi za nyumba tisa za tarakimu zinazoandikwa kwa zafarani. "Kuyatupa haifai, jina la Mola limo. Kuyaweka hatukuthubutu, nyumba ina watoto. Tukayatia kwenye gunia, tukayasomea, shemeji yao wa Kojani akayachukua jana kwenda kuyazamisha penye kina. Tumeyafanyia heshima zote."

"Mlisoma mstari mmoja?" nikauliza. Sauti yangu nadhani ilipanda, maana watu waligeuka. Imamu akanijibu bila kukasirika: "Vitu kama hivyo havisomwi, Maalim. Ukivisoma umeviamsha." Ni Kiswahili! nikamwambia. Ni Kiswahili chetu, cha hapa hapa, hapa palikuwa jiko, mifupa ya changu, kiganja cha mwanamke! Hayo ndiyo mliyoyaogopa? Na mmoja kati ya waliokuwa wakitia ubwabwa wa kupeleka nyumbani, sitasema nani lakini anajijua, akatia mdomo wake: "Firauni na bahari, Maalim, si ndiyo yake?" Wakacheka wawili watatu. Lahaula! Mbele ya kaka wa maiti, na wali wa hitima bado mikononi! Nilimwambia maneno ambayo mtu wa umri wangu hapaswi kuyasema, na sijamwomba radhi, na simwombi. Nimeambiwa tangu hapo kuwa asiyejua maana haambiwi maana. Siikubali methali hiyo kwa leo. Asiyejua maana ndiye wa kuambiwa, na aliyekuwa akiijua hakusema.

Asubuhi yake nilikwenda Kojani. Nilivuka kwa mtumbwi nikamkuta shemeji yao amekaa nje ya nyumba anashona wavu, mtu mfupi mwenye mikono mipana. Akanipisha kwenye mkeka, akamwita mkewe alete chai, akaulizia safari. Nilimwomba anipeleke alipozamisha. Akatikisa kichwa. Alifunga jiwe kubwa, akasema, akaenda nje ya mwamba ambako maji ni meusi na hata kamba yake haigusi chini, kwa sababu imamu alimwambia yasije yakarudi pwani yakaokotwa. "Nilisoma Fatiha kwanza," akaongeza, akidhani nitafarijika. Kisha akauliza, "Yalikuwa na nini mle?" Akawa wa kwanza kuuliza. Nikamweleza yote, mji, kuta, tanuri, jiko, mafiga. Alisikiliza, sindano ya wavu imesimama mkononi. Nilipomaliza akasema, "Weye ulikuwapo siku ya maziko. Nilikuona, ulishika jeneza mbele yangu. Mbona hukusema?" Nikamwambia nilichelea, si adabu kuuliza vya maiti siku ile. Akaweka sindano chini. "Haya. Kakake kachelea. Imamu kachelea. Miye gunia nalikuwa nalo mapajani njia nzima, nalitaka kulifungua, nikachelea. Hapana hata ntu mmoja aloyaona ni kitu bure." Hakusema kwa kunilaumu, na laiti angenilaumu.

Basi hasira zangu ni za nani? Wiki ya kwanza zilikuwa za imamu, ya pili za yule mtia wali, na za wachoma chokaa, na za wataalamu na ripoti yao. Bado ninazo zote, sijamsamehe hata mmoja. Lakini hawa wote walikuwa hawajui kilichomo, na mimi nilikuwa najua. Nimekaa siku nne mfululizo nikiandika kila ninachokikumbuka katika yale aliyonisomea na kunisimulia juu ya mji ule: ukuta upi ulikuwa wapi, msikiti ulielekea vipi, shanga ngapi za kijani zilikutwa kwenye kizingiti. Nimekamua kichwa changu mpaka hakitoi. Imetoka karatasi moja na robo. Nusu yake nimeiwekea alama ya kuuliza pembeni, maana sina hakika, na wa kumwuliza nimemtia udongo kwa mikono yangu.

Najua kwamba wengi wenu mnaosoma hapa mna mtu wa namna hii. Yuko bibi anayejua mipaka yote ya mashamba kwa miti yake, yuko fundi ambaye vipimo vyake viko nyuma ya mlango kwa mkaa, yuko mzee mwenye sanduku la karatasi ambalo watoto wanakatazwa kulishika. Mnangoja Ramadhani ipite. Mnangoja miwani. Nendeni leo, mkae naye chini, yeye asome nanyi mwandike. Na kama mauti yamewatangulia, basi msingoje siku ya tatu. Semeni pale pale kaburini, mkiwa bado mmeshika sepetu, mbele ya ndugu na imamu, na wakikuoneni hamna haya waacheni wawaone hivyo. Watawasema mwaka mmoja, miwili, kisha watasahau. Mimi siku ile hakuna aliyenisema kwa lolote. Wote walisifu nilivyojitunza msibani. Nilikuwa na adabu, na mji mzima umekwenda chini kwa adabu yangu.